Njia Iliyotoka Chini ya Maji

Safari za siku tatu au nne kwenye delta ya Mekong, kusini mwa Vietnam, hufanana karibu popote zinapouzwa. Mgeni hulala katika chombo kilichotengenezwa kwa umbo la majahazi ya kubebea mpunga, alfajiri hupelekwa kwenye soko la majini la Cái Răng karibu na jiji la Cần Thơ, kisha hupewa baiskeli apite njia nyembamba ya zege iliyobanwa kati ya nyumba na maji, chini ya minazi ya Bến Tre au kando ya bustani za matunda za Vĩnh Long. Anachoahidiwa ni maisha ya mtoni kama yalivyokuwa tangu zama za kale, watu wakiishi kwa kuufuata mto. Safari yenyewe ni nzuri, na hakuna sababu ya kuibeza. Ila ahadi hiyo inakosea kihistoria, tena kwa jambo kubwa. Maji mengi yanayopitwa na vyombo hivyo si mto hata kidogo, ni mifereji iliyochimbwa, na mingi yake haijatimiza miaka 210. Njia anayopita mgeni kwa baiskeli nayo imekaa juu ya tope lilelile lililotolewa mferejini na kurundikwa kando. Maisha ya mtoni ya delta hii yametengenezwa kwa mikono ya watu, na umri wake si mkubwa.

Anayetaka ushahidi aanze na sura ya nchi. Mekong huingia Vietnam kutoka Kambodia ikiwa imekwisha gawanyika matawi mawili makubwa, Tiền na Hậu, ambayo hugawanyika tena kabla ya kufika baharini. Ndiyo maana Wavietnam huiita Cửu Long, yaani majoka tisa. Matawi hayo ni ya asili, na vijito vingi vinavyopindapinda kati yake ni vya asili pia. Lakini ukivuka Hậu kwenda magharibi maji yananyooka kama mstari wa rula, na hakuna mto duniani unaojiendea hivyo. Mpanda baiskeli huihisi tofauti hiyo miguuni: kando ya kijito njia hukata kona kila baada ya nyumba chache, kando ya mfereji huenda moja kwa moja mpaka macho yachoke, nyumba zikiwa zimejipanga safu moja ukingoni na mashamba ya mpunga yakianzia nyuma ya jiko. Nchi hii imeinuka kwa wastani kama mita moja tu juu ya bahari. Mahali pa namna hiyo, tuta la tope lenye kimo cha mtu ndiyo nchi kavu pekee wakati wa mafuriko. Watu hawakuchagua kukaa kandokando ya maji kwa kupenda mandhari. Waliopata mfereji walipata vitu viwili kwa mpigo, barabara ya maji mbele ya mlango na ardhi ya kujengea chini ya miguu.

Mmoja wa mifereji mikubwa ya mwanzo ya zama hizi ulichimbwa mwaka 1818, pale Nguyễn Văn Thoại, afisa wa mfalme Gia Long anayejulikana zaidi kwa jina la cheo, Thoại Ngọc Hầu, aliposimamia njia ya maji ya kilomita 30 hivi kutoka Long Xuyên kuelekea Rạch Giá. Mwaka uliofuata likaanza jambo zito zaidi: mfereji wa Vĩnh Tế, karibu kilomita 90, kutoka Châu Đốc hadi upande wa Hà Tiên kwenye Ghuba ya Thailand, sambamba na mpaka wa Kambodia. Makumi ya maelfu ya watu, Wavietnam na Wakhmer, walikusanywa kwa shokoa. Walichimba kwa majembe na kubeba udongo kwa vikapu katika nchi ya homa na joto kali, kazi ikasimama na kuanza tena, hadi ilipokamilika mwaka 1824 chini ya mfalme Minh Mạng. Waliokufa walikuwa wengi. Mfereji ulipewa jina la mke wa msimamizi, bibi Châu Vĩnh Tế, na miaka kadhaa baadaye Minh Mạng alipoagiza vyungu tisa vikubwa vya shaba kwa ajili ya ikulu ya Huế, picha ya mfereji huo ilitiwa kwenye chungu cha kumuenzi baba yake, Gia Long. Kwa ufalme, basi, Vĩnh Tế ilikuwa fahari iliyostahili kukaa pamoja na milima na bahari za nchi. Kwa Wakhmer wa delta, masimulizi yao yameuhifadhi mfereji huohuo kama mahali pa mateso. Mgeni anayeteleza juu yake leo bila kuambiwa lolote kati ya hayo mawili ameona maji tu.

Wafaransa, waliouteka Saigon mwaka 1859 na kumaliza kuyatwaa majimbo ya magharibi ya delta mwaka 1867, walianza kwa njia hiyohiyo ya shokoa. Mfereji wa Chợ Gạo, ulioifungua njia ya vyombo kati ya Mỹ Tho na Saigon, ulichimbwa kwa mikono mwaka 1877. Hapo wahandisi wakakutana na jambo ambalo mabaharia wa delta walilijua zamani. Mfereji ulio wazi kwa maji ya bahari pande zote mbili huingiwa na maji kujaa kutoka ncha zote kwa pamoja. Mikondo miwili hukutana katikati, hutulia, na tope huzama palepale. Wavietnam huita mahali hapo giáp nước, yanapokutana maji. Wafaransa, walioona tuta likiota chini ya mfereji wao mpya, wakapaita mgongo wa punda. Kwa mhandisi ilikuwa kasoro ya kuchimbua tena na tena. Kwa mwenye mtumbwi ilikuwa kituo: ulipandishwa na maji kujaa hadi pale, ukasubiri yapwe, kisha ukashushwa upande wa pili bila kuchoka kwa kasia. Penye watu wanaosubiri pana anayepika, anayeuza na anayekarabati. Masoko na miji kadhaa ya delta ilizaliwa kwenye sehemu kama hizo, na hapo ndipo penye asili ya mengi yanayopigwa picha leo.

Kuanzia miaka ya 1890 zikaja mashine za mvuke zilizoelea majini na kuchota tope kwa ndoo za chuma. Mfereji wa Xà No, wa kilomita 40 hivi, ulikatwa kati ya 1901 na 1903 kutoka upande wa Cần Thơ kuelekea mto Cái Lớn, na kando yake pori la matete likageuka ghala la mpunga. Eneo la mpunga kusini lilikua kutoka hekta laki tano na ushei mwaka 1880 hadi zaidi ya milioni mbili mwishoni mwa miaka ya 1930. Ardhi hiyo mpya, hata hivyo, iliangukia mikononi mwa wachache. Waliolima wengi walikuwa wapangaji, wakimlipa mwenye shamba kwa magunia ya mavuno, na deni la mbegu likirithiwa pamoja na jembe. Mpunga ulioshuka Xà No kwenda kwenye vinu vya Chợ Lớn, kando ya Saigon, ulikuwa wao kwa jasho tu.

Atakayesema kwamba kwa hesabu hiyo sifa yote ni ya wafalme na wakoloni ana hoja, lakini hoja yake inaishia kwenye mifereji mikuu. Mashine ilikata shina, matawi hayakukatwa na mashine. Tazama kipande kimoja cha bustani kwenye kisiwa cha An Bình, mkabala na mji wa Vĩnh Long. Kuna mtaro wa maji, kisha tuta, kisha mtaro, kisha tuta, na juu ya kila tuta imesimama midurian na miti mingine ya matunda, mizizi ikiwa juu ya maji kwa kimo cha goti au kiuno. Kila tuta ni udongo wa mtaro wa jirani yake, ulioinuliwa kwa sepeto lenye bapa refu jembamba, pande kwa pande. Kila mwaka tope la chini ya mtaro huchotwa tena na kupakwa juu, maana tuta hushuka na mti hudai chakula. Penye udongo wenye asidi, ambao wakulima huuita kwa jina la shabu kwa ukali wake, mitaro hiyohiyo husaidia mvua kuosha sumu. Hakuna mhandisi aliyetia sahihi kazi hiyo, na ndiyo iliyo nyingi kuliko zote.

Pingamizi la pili ni la wasomi wa mambo ya kale, nalo ni zito. Mwaka 1944 mwanaakiolojia Louis Malleret alifukua Óc Eo, mji wa bandari uliostawi katika karne za mwanzo baada ya Kristo, akakuta hadi medali ya Kirumi yenye sura ya kaisari Antoninus Pius. Picha zilizopigwa kutoka angani zilionyesha mifereji ya kale iliyouunganisha mji huo na Angkor Borei, ambayo leo iko Kambodia. Je, hapo maisha ya majini hayana umri wa karibu miaka elfu mbili? Yanao, lakini Óc Eo inathibitisha kilekile ninachodai. Hata wakati ule watu walichimba. Na mji ulipofifia kufikia karne ya saba, mifereji yake ilizibwa na majani na tope mpaka ikahitaji ndege kuonekana. Mto haukuwatunzia watu chochote. Mfereji usiochimbuliwa hufa.

Ukilijua hilo, hata soko la majini unalisoma upya. Kwenye omo ya kila chombo cha Cái Răng husimikwa mti mrefu wa mwanzi, cây bẹo, na mwenye chombo huning'iniza juu yake anachouza: nanasi, kabichi, boga, vitunguu. Injini zikiunguruma sauti haifiki, kwa hiyo boga husema lenyewe kutoka mbali. Nguo zilizoanikwa si za kuuza. Tawi la mnazi likitundikwa juu ya mti huo, kinachouzwa ni chombo chenyewe. Ni lugha ya jumla na haraka, ya wafanyabiashara wanaonunua kwa tani kabla jua halijapanda. Hata mngurumo huo una tarehe. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 wakulima walichukua injini ndogo za Kimarekani, za Kohler miongoni mwake, wakazifunga mhimili mrefu wenye rafadha ncha yake, wakauita mkia wa kamba, yule kamba wa majini. Mhimili huo uliweza kuinuliwa penye maji haba na magugu. Injini hizohizo zilivuta maji kwenda mashambani. Mtumbwi wenye mkia wa kamba, unaouzwa leo kama sura ya ukale, ulikuwa teknolojia mpya kabisa ya wakulima katika miaka ya vita.

Kwa hiyo sioni haki katika kilio kwamba madaraja yameua asili ya delta. Daraja la Mỹ Thuận lilifunguliwa mwaka 2000 juu ya Tiền, la Cần Thơ juu ya Hậu mwaka 2010, la pili baada ya ajali ya mwaka 2007 iliyoua zaidi ya wajenzi 50. Mama anayejifungua usiku hangoji tena kivuko, na kabichi hupanda lori. Ngã Bảy, penye makutano ya mifereji saba, soko lake la majini liliondolewa kwenye makutano hayo mwaka 2002, na halikurudia uhai wake. Lakini wanaoshangilia barabara kana kwamba maji yamemaliza kazi nao wanapotoka. Boti moja ya kati hubeba mzigo wa malori kadhaa kwa mafuta kidogo, na Chợ Gạo bado ndiyo njia kuu ya mchanga, saruji na mpunga kati ya delta na Ho Chi Minh City, Saigon ya zamani. Linalokufa ni mpangilio mmoja wa kazi. Waliouunda bado wapo ukingoni, na wanastahili kuulizwa wanataka upi unaofuata.

Swali hilo sasa limegeuka la chumvi. Mabwawa ya juu ya mto huzuia tope, mchanga huchimbwa kwa ajili ya ujenzi, ardhi inatitia, na katika ukame wa 2016 na 2020 maji ya bahari yaliingia ndani mno mpaka visima na bustani vikaharibika. Kwenye mto Cái Lớn, ambao Xà No huumwagia maji yake, serikali ilizindua mwaka 2022 lango lenye milango 11 ya chuma, inayofungwa chumvi inapopanda. Wanasayansi wa Vietnam walibishana vikali kabla halijajengwa: wengine walisema litaokoa mpunga, wengine kwamba litatuamisha maji machafu na kuwanyima wafugaji wa kamba chumvi wanayoihitaji. Vyombo hupita kando yake kwa zamu. Ukingoni mwa Xà No, katika mji wa Vị Thanh, tuta la tope la 1903 limevikwa zege, na jioni watu hupita juu yake kwa baiskeli.