Mpagazi, Mshamba na Sinema

Wapo wasemao kwamba mtu wa bara hakuujua mji mpaka alipopelekwa na gari moshi. Kauli hiyo haina msingi, na Tabora ni shahidi. Kabla reli haijafika hapo mwaka 1912, Wanyamwezi walikwisha kuizoea njia ya Bagamoyo kwa vizazi kadhaa, mwendo wa yapata kilomita 800 kwa miguu. Mpagazi alijitwika frasila mbili hivi: akielekea pwani, pembe za ndovu, akirejea, merikani, shanga na nyaya za shaba. Njia ile haikuwa ya heri tupu, maana watumwa nao walipitishwa humo wakiwa wamefungwa. Lakini kwa kijana wa Unyamwezi, kuiona bahari kulikuwa ni sehemu ya kuwa mtu mzima. Akirudi aliijua lugha ya pwani na bei zake, na aghalabu hila zake pia.

Nayataja hayo kwa sababu ya sinema. Kati ya mwaka 1951 na 1953, serikali ya kikoloni ilishirikiana na kampuni moja ya Afrika Kusini kutengeneza filamu za Kiswahili katika Tanganyika. Mojawapo ni Muhogo Mchungu, ya mwaka 1952, kichekesho cha mtu wa shamba aingiaye Dar es Salaam asiujue ujanja wa mjini. Mabwana wale walimwona mwananchi kuwa mgeni katika mji wa nchi yake mwenyewe, kana kwamba babu yake hakupata kufika pwani!

Aliyemwigiza mshamba huyo ni Rashidi Mfaume Kawawa, mtumishi wa serikali katika idara ya ustawi wa jamii, aliyepata kusoma Tabora. Mwaka 1955 akawa katibu mkuu wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi, yaani watu wale wale waliotoka mashamba kuja kuuza nguvu zao mijini. Januari 1962 akawa Waziri Mkuu. Sijui kichekesho kilichopata jibu zuri kuliko hilo.

Hata hivyo mtu wa mzigo alikuwa bado hajatazamwa ipasavyo. Mwaka 1992 Flora M'mbugu-Schelling alitoa filamu ya maisha halisi iitwayo These Hands, yaani "Mikono Hii". Humo mna wanawake wakimbizi kutoka Msumbiji, wakiponda mawe kwa nyundo huko Kunduchi, kando ya Dar es Salaam, ili mji upate kokoto za kujengea. Hakuna sauti ya bwana mkubwa inayotueleza wao ni nani, wala hakuna anayechekwa. Nyundo inapanda na kushuka, watoto wako karibu, nyimbo zinaimbwa, na kamera inangoja mpaka mtazamaji mwenyewe auhisi uzito wa jiwe.