Nadra kwa Nani? Funza, Busha na Daftari la Wagonjwa Handeni na Korogwe

Miaka kadhaa iliyopita, katika zahanati moja wilayani Handeni ambayo sitaitaja, niliruhusiwa kukaa pembeni mwa meza ya tabibu nikiwa katika shughuli nyingine kabisa. Akaingia mama na mtoto wa miaka kama saba aliyekuwa akitembea kwa visigino. Vidole vyake vya miguu vilikuwa vimejaa funza. Tabibu alimhudumia kwa upole na kwa muda mrefu, kisha akafungua rejista, akafikiri kidogo, akaandika: kidonda, mguu. Nilipomuuliza kwa nini hakuandika funza, alinijibu kwamba mwisho wa mwezi kila mgonjwa lazima apatiwe mstari wake katika fomu ya majumuisho, na vidonda vina mstari. Hakuwa mzembe hata kidogo. Alikuwa mtumishi anayeijua fomu yake.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikijiuliza historia ya fomu ile, na historia ya mdudu yule.

Wengi wetu hudhani funza, ambaye wengine humwita tekenya, amekuwapo hapa tangu enzi za mababu. Kumbe ni mgeni kutoka Amerika ya Kusini. Masimulizi yanayokubalika zaidi yanasema aliingia Angola mwaka 1872, ndani ya mchanga wa meli iliyoitwa Thomas Mitchell iliyotoka Rio de Janeiro kwenda Ambriz. Kutoka hapo alisafirishwa na miguu ya wapagazi, askari na watumwa, na ndani ya miaka 25 hivi alikuwa amelivuka bara zima hadi pwani yetu. Ni miaka hiyohiyo ya 1890 ambapo Uzigua ilipigwa na nzige na njaa. Mwanahistoria James Giblin ameeleza jinsi njaa na utawala wa Kijerumani vilivyovunja mamlaka ya wakubwa wa vijiji, watu wakapungua, pori likarudi na mbung'o wakaenea. Reli ya kutoka Tanga ilifika Korogwe mwaka 1902, na mashamba ya mkonge yakafuata njia hiyo.

Mkonge ulileta manamba, vibarua wa mkataba kutoka mbali, na jina lao lenyewe ni neno la Kiingereza la namba lililopita midomoni mwa Waswahili. Kibarua alikuwa na kipande, kadi yenye nafasi 30 za kutiwa alama, na mshahara ulilipwa nafasi zote zilipojaa. Siku ambayo mguu haukukanyagika haikutiwa alama. Kwa hiyo karani wa shamba aliihesabu kazi kwa uangalifu mkubwa, na maumivu aliyaona kama nafasi tupu tu kwenye kadi. Kila utawala huhesabu kile unachokihitaji, na mimi sioni ajabu katika hilo. Cha ajabu ni kwamba tumeirithi tabia hiyo bila kuiuliza asili yake.

Orodha ya kimataifa ya magonjwa nayo ilizaliwa ikihesabu kitu kimoja tu. Mfaransa Jacques Bertillon aliiwasilisha mwaka 1893 katika mkutano wa wanatakwimu uliofanyika Chicago, ikiwa orodha ya sababu za vifo. Ilibaki hivyo hadi mwaka 1948, Shirika la Afya Duniani lilipochukua jukumu hilo na toleo la sita likajumuisha magonjwa yasiyoua. Sasa fikiria funza. Mara chache huua mwenyewe. Hufungua mlango wa pepopunda, na mtoto akifa, cheti husema pepopunda. Matende na busha hali kadhalika: mtu huishi nayo miaka 30, halafu hufa kwa jambo lingine. Orodha iliyoanzia makaburini ilichelewa sana kuwaona watu wanaochechemea.

Katika toleo la kumi, lililoanza kutumika mwaka 1994, funza ana msimbo wake, B88.1, katika kikundi cha mashambulio mengine ya vimelea. Mabuu ya nzi yanayoingia mwilini yana msimbo tofauti, B87. Lakini Kiswahili chetu huita vyote viwili funza: wa mguuni na wa kwenye nyama iliyooza. Karani anayesoma neno hilo peke yake katika rejista hawezi kujua aingize upi, isipokuwa tabibu ameandika tekenya au ameeleza zaidi. Bahati mbaya, maelezo huhitaji muda, na foleni haingoji.

Kisa cha busha kinauma zaidi, hasa Korogwe na mkoa wote wa Tanga, ambako minyoo ya matende imekuwa ikiambukizwa na mbu kwa vizazi. Mdudu ni mmoja. Mguu ukivimba na tabibu akaandika matende, msimbo ni B74, sura ya maambukizi na vimelea. Korodani ikivimba na mgonjwa akaandikiwa busha tu bila kutaja chanzo, msimbo ni N43, sura ya magonjwa ya mkojo na uzazi. Mnyoo umetoweka hapo, na mzee aliyefanyiwa upasuaji anahesabiwa kama mtu mwenye hitilafu ya maumbile yake binafsi. Dawa za kumeza za kingatiba zilianza kugawiwa Tanga mwaka 2004; mtu anayetaka kupima mafanikio yake kwa misimbo ya hospitali peke yake atapotea njia.

Upo pia upotovu wa upande wa pili. Mwaka huohuo wa 2004 ulichapishwa utafiti uliofanyika katika hospitali 10 za Kilimanjaro na Tanga, ukaonyesha kwamba chini ya nusu ya wagonjwa waliolazwa na kutibiwa malaria kali walikuwa na vimelea vya malaria katika damu. Mstari wenye nguvu humeza majirani zake. Malaria ilikuwa na fedha, dawa, mabango na safu yake ya kwanza katika fomu. Homa isiyojulikana haikuwa na chochote.

Watumishi wa halmashauri wanaosoma hapa wanajua ninakoelekea, kwa kuwa bajeti hufuata takwimu. Mradi uliofanyika Rufiji na Morogoro kuanzia miaka ya 1990 ulifundisha wilaya kugawa fedha kulingana na mzigo wa magonjwa, na lilikuwa wazo zuri. Lakini mzigo usioandikwa hauna uzito. Shirika la Afya Duniani liliwaingiza wadudu wa ngozi katika orodha ya magonjwa yasiyopewa kipaumbele mwaka 2017 tu, na toleo la kumi na moja la misimbo limeanza kutumika rasmi tangu Januari 2022. Tukiendelea kuandika kidonda, toleo jipya litasafirisha kidonda kwa kasi zaidi ya kompyuta.

Wanafunzi wangu hulalamika kwamba mada za tasnifu zimekwisha. Rejista za zamani za wagonjwa wa nje zimerundikwa katika maghala ya vituo vyetu vya afya, nyingine zikiwa na safu ya maelezo iliyojazwa kwa mkono na matabibu ambao wengi wao wamekwisha kustaafu. Linganisheni safu hiyo na fomu zilizotumwa wilayani mwezi huohuo. Nendeni mapema, maana katika ghala nililoonyeshwa mimi mchwa walikuwa wamekwisha kufika mwaka 1998.