Kiti Kimoja Botini: Unafuu Wake Analipa Nani?

Safari ya pamoja ya snokeli ni njia ya haki ya kumwezesha mtu wa kipato cha kawaida kuyaona matumbawe kwa macho yake. Mafuta ya boti na ujira wa nahodha havipungui kwa sababu abiria ni wawili. Vikigawanywa kwa watu kumi na wawili, kila mmoja anabeba sehemu anayoiweza. Huo ndio unafuu wa kugawana, na hauna lawama. Upo unafuu wa pili, unaotokana na kumpunja asiyehudhuria mapatano: baharia anayelipwa kwa bakshishi za watalii peke yake, mwamba unaotupiwa nanga, au abiria asiyejua kuogelea ambaye jaketi lake okozi liliachwa nchi kavu. Ufukweni bei hizi mbili hutajwa kwa tabasamu lile lile. Kuzitofautisha kunahitaji kujua desturi ya bahari unayoiendea, na nimechagua tatu za kulinganisha: ya Hawaii, ya Maldivi, na ya pwani yetu ya Waswahili.

Hawaii mojawapo ya safari zinazojulikana sana ni ya Molokini, kisiwa cha umbo la hilali kilichobaki baada ya kasoko ya volkano kuzama nusu, kilomita 4 hivi kutoka kisiwa cha Maui. Tangu 1977 ni hifadhi ya viumbe wa baharini. Boti ya biashara haiingii bila kibali, na vibali vina idadi yake. Ikifika haitupi nanga. Hujifunga kwenye boya la kudumu ambalo mnyororo wake ulishafungwa chini, kwa hiyo hakuna chuma kinachoburutwa juu ya matumbawe kila asubuhi. Boti nyingi hung'oka mapema, kwa sababu kadiri jua linavyopanda ndivyo upepo wa kaskazini-mashariki unavyoamka na mlango wa bahari kuchafuka.

Unafuu wa Maui umejengwa juu ya ukubwa. Katamarani moja hubeba makumi ya watu, ina choo, maji ya kujisuuzia, chakula, na mabaharia waliofunzwa uokoaji. Pamoja na hayo, kiti cha asubuhi kwa mtu mzima kwa kawaida huvuka dola 100. Cha alasiri huwa rahisi zaidi, na sababu yake ni ule upepo: mara nyingi nahodha hulazimika kuwapeleka abiria kwenye mwamba wa karibu na pwani badala ya Molokini, na tangazo husema wazi kwamba uamuzi ni wa bahari. Anayenunua kiti hicho akilijua hilo amefanya biashara ya haki. Asiyelijua atarudi na kinyongo.

Kisiwa kingine cha Hawaii, Oahu, kinaonyesha sura nyingine ya desturi hiyo. Ghuba ya Hanauma ilikuwa ya kwanza Hawaii kuwekwa chini ya hifadhi ya aina hii, mwaka 1967. Haihitaji boti: unashuka kwa miguu hadi mchangani. Lakini unaweka nafasi mapema, unatazama filamu fupi ya mafunzo kabla ya kuteremka, na siku mbili kila wiki ghuba hufungwa ili ipumzike. Mgeni hulipa dola 25, ilhali mkazi wa Hawaii na mtoto wa chini ya miaka 13 huingia bure. Mahali penye masharti mengi ndipo palipo rahisi kuliko boti zote za Maui.

Masharti hayo yana mizizi mirefu kuliko serikali ya leo. Wahawaii wa kale waligawa visiwa vyao kwa vipande vilivyoteremka kutoka mlimani hadi kwenye mwamba, na kila kipande kilikuwa na konohiki, msimamizi aliyeweza kuweka kapu, yaani mwiko, juu ya samaki fulani mpaka wazaliane. Sheria ya 2018 iliyopiga marufuku uuzaji wa mafuta ya kujikinga na jua yenye oksibenzoni na oktinoksati, na kuanza kutumika Januari 2021, imepita njia hiyo hiyo: bahari ina haki ya kumkatalia mtu jambo. Na bado masharti hayatoshi. Mwaka 2020, utalii uliposimama kwa sababu ya janga la korona, watafiti waliokuwa wakifuatilia samaki wa Molokini waliona kolekole na wenzake wawindaji wakiongezeka ndani ya kasoko. Boti ziliporudi, walipungua tena. Hakuna aliyevunja sheria. Wingi wa watu wenyewe ni gharama, na samaki ndiye aliyeilipa.

Maldivi wao wameushika wingi huo kwa saa. Katika Atoli ya Baa, ambayo UNESCO iliitambua kuwa hifadhi hai mwaka 2011, kuna ghuba ndogo iitwayo Hanifaru. Upepo wa kusi unapovuma, mkondo hukusanya chakula cha bahari ndani yake na taa wakubwa wa manta huja kula kwa makundi. Kupiga mbizi na mitungi ya hewa kumekatazwa. Mgeni huruhusiwa snokeli tu, kwa dakika 45, chini ya macho ya walinzi, na boti zinazoingia kwa wakati mmoja zina kikomo. Kwa muda mrefu mgeni wa Maldivi alifungiwa kwenye visiwa vya hoteli za kifahari. Mlango wa mtu wa kawaida ulifunguka mwishoni mwa muongo wa kwanza wa karne hii, serikali iliporuhusu nyumba za wageni kwenye visiwa wanavyoishi wananchi. Leo mtu anaweza kulala Dharavandhoo, karibu kabisa na Hanifaru, akagawana boti na wageni wa nyumba yake. Anakaa majini muda ule ule anaopewa tajiri. Hapo nafuu na heshima vimekutana, na nadhani ndilo somo kubwa la Maldivi kwetu: punguzeni muda wa kila mtu kabla ya kupunguza ulinzi wa wote.

Sasa twende nyumbani. Pwani ya Waswahili bei haiandikwi, huzungumzwa. Nungwi au Matemwe, Unguja, mgeni hukutana kwanza na papasi, kijana wa kati anayetafuta abiria kwa niaba ya mwenye boti. Wapo wanaomdharau, nami sikubaliani nao. Bila yeye, wasafiri watano wasiojuana wasingeunganishwa kwenye boti moja, na kila mmoja angekodi peke yake kwa bei ya kumkatisha tamaa. Mapatano yetu yana adabu yake, na yakiendeshwa vizuri hufichua mengi kuliko tangazo lolote:

"Karibu dada, Mnemba kesho, bei ya kirafiki."

"Ahsante kaka. Kesho mtakuwa watu wangapi botini?"

"Kumi, kumi na wawili hivi."

"Na majaketi?"

"Yapo."

"Naomba niyaone jioni hii, tafadhali. Na nahodha ni nani, niongee naye?"

Kijana mwenye boti ya maana atakupeleka mpaka ilipo, atafungua sanduku la mbao chini ya ubao wa kukalia, na utayahesabu majaketi kwa mkono wako. Utavijaribu vifungo vyake kama vinashika. Utachukua miwani ya kuzamia, utaiweka usoni bila mkanda na kuvuta pumzi kwa pua. Ikinata, ni nzima, ikianguka, maji yataingia kesho. Haya hayana malipo. Katamarani ya Maui haikupi nafasi ya kuyafanya jioni ya kuamkia safari; mila yetu inakupa, na asiyeitumia amepoteza sehemu bora ya bei.

Udhaifu wetu ni kwamba katika mazungumzo hayo mwamba hauna msemaji. Mnemba, kisiwa kidogo kaskazini-mashariki mwa Unguja, kimezungukwa na matumbawe yaliyowekwa chini ya hifadhi mwaka 2002. Kisiwa chenyewe ni cha hoteli, mgeni wa siku hakanyagi pwani yake, basi wote huishia kwenye maji yale yale. Mgeni anapoishusha mno bei, nahodha hawezi kupunguza petroli; anaongeza vichwa au anatafuta njia ya kukwepa ada ya hifadhi. Msimu wa wageni wengi, boti hukusanyika saa ile ile, na nanga ikitupwa pasipo na mchanga huvunja kwa dakika moja kilichoota kwa miaka. Maji yanapokupwa siku za bamvua, wasiojua kuogelea husimama juu ya matumbawe wapate pumzi. Pomboo nao wakitokea, boti kadhaa huwakimbiza hadi wazame. Yote haya ni gharama zilizoondolewa kwenye kiti cha mgeni na kutwikwa bahari.

Lakini pwani yetu ina majibu yake pia, na ni ya kwetu hasa. Kusini mwa Kenya, bahari ya Kisite ilitangazwa hifadhi mwaka 1973, na uvuvi ndani yake hauruhusiwi. Mgeni hupanda boti Shimoni na kulipa ada kwa Shirika la Wanyamapori, ambapo raia hutozwa kidogo kuliko mgeni wa nje, kisha baada ya snokeli hula mchana kisiwani Wasini. Huko kikundi cha wanawake wa kijiji kimejenga njia ya mbao juu ya mikoko na matumbawe ya kale, na kiingilio chake hubaki kijijini. Kuruwitu, Kilifi, wavuvi wenyewe walifunga kipande cha bahari yao mwaka 2005 bila kusubiri amri kutoka juu, nacho kikawa mfano wa maeneo ambayo pwani ya Kenya inayaita tengefu. Hili halina tofauti kubwa na mwiko wa konohiki: jamii inayokaa na mwamba ndiyo inayosema lini uguswe.

Na ipo Chumbe, kusini mwa Mji Mkongwe wa Zanzibar, kisiwa chenye mnara wa taa wa 1904, ambacho mwamba wake ulifungwa kwa uvuvi mwaka 1994. Askari wake wa kwanza walitoka miongoni mwa wavuvi. Wageni kwa siku ni wachache na bei yao si ya mfukoni mwa kila mtu. Mpenda nafuu angeipita. Ila mapato hayo ndiyo yanayowasaidia wanafunzi wa shule za Zanzibar kufika kisiwani kujifunza bahari yao, wengi wao wakiwa hawajawahi kuona tumbawe hai chini ya maji, ingawa wamezaliwa hatua chache kutoka ufukweni. Hanauma inamfungulia mkazi lango bure, Kisite inampunguzia raia, Chumbe inamleta mtoto. Swali la nafuu halikamiliki mpaka liulizwe: nafuu kwa nani?

Hukumu yangu basi ni hii. Hawaii imetushinda kwa boya na vibali. Hilo ni suala la mnyororo na saruji, na hakuna sababu kila mwamba wa Unguja unaotembelewa usiwe na maboya ya kutosha. Maldivi imetushinda kwa saa. Sisi tumewashinda wote kwa uso kwa uso, kwa uwezo wa abiria kumjua nahodha kabla ya kumkabidhi maisha yake, na kwa vijiji vinavyokula kutokana na safari hiyo. Hasara kubwa ni pale tunapoutumia uhodari huo wa mazungumzo kuvutana kwa shilingi peke yake.

Anayechagua safari anaweza kuyabadilisha mazungumzo hayo leo. Anzia kijiji kilicho karibu na mwamba: Mnemba kutoka Matemwe ni safari fupi kuliko kutoka Nungwi, na petroli iliyookolewa ni punguzo lisilomuumiza mtu. Omba kuondoka alfajiri, kabla ya msongamano na kabla upepo haujaamka. Kataa bei isiyo na ada ya hifadhi ndani yake, na uombe stakabadhi. Uliza boti itafungwa kwenye boya au itatupa nanga, na ikiwa ni nanga, iangukie mchangani. Uliza nani atakuwa majini pamoja nanyi, maana Hawaii, yenye vifaa vyote hivyo, snokeli inaongoza miongoni mwa shughuli zinazohusishwa na kuzama kwa wageni, na wengi huzama kimya, uso ukiwa majini, bila kupiga kelele. Vaa shati la mikono mirefu badala ya kujipaka mafuta mgongo mzima. Mkishakubaliana, mwambie nahodha mbele ya wenzako kwamba hamtaki pomboo wakimbizwe; akiona abiria wote wameafiki, ataondokewa na hofu ya kulalamikiwa.

Ukiyapata hayo na bei ikapanda kwa dola chache, lipa. Ukipata anayekupa yote hayo kwa bei ya chini, mlete rafiki, mjaze boti yake mpaka idadi ya majaketi, na msifu kwa wengine. Nahodha mwaminifu asipopata abiria wa kutosha huacha kazi, na mwamba hubaki mikononi mwa wanaouza rahisi kwa sababu hawaulipii.