Hukmu ya Kumuachia Mtu Biashara Unapopatwa na Dharura ya Kifamilia

Sifa zote njema anastahiki Allaah, na Rehma na Amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.).

Wafanyabiashara hutuuliza: mama kashikwa ghafla, kesho anavushwa kwa boti kupelekwa Muhimbili, na duka halina mtu. Je, kuliacha ni kupoteza amana za watu?

Kumuuguza mzazi au mke ni wajibu ambao haungoji mauzo. 'Uthmaan bin 'Affaan (R.A.), naye ni mfanyabiashara, hakuhudhuria Badr mwaka wa 2 Hijria kwa kuwa Mtume (S.A.W.) alimtaka abaki Madina amuuguze mkewe Ruqayyah, bintiye Mtume. Akapewa fungu la ngawira na ahadi ya ujira wa aliyehudhuria, kama alivyopokea Al-Bukhaariy. Ikiwa Badr ilimsamehe, duka la Darajani litamsamehe mwenyewe.

Linalobaki ni namna ya kuliacha, na hapa ndipo ugomvi wa ndugu unapozaliwa. Unayemuachia ufunguo ni wakala wako. Katika madhehebu yetu ya Shaafi'iy, wakala asiyewekewa masharti huuza kwa bei ya soko na kwa taslimu. Hauzi kwa mkopo ila kwa idhini, wala hajiuzii mwenyewe. Mali iliyo mkononi mwake ni amana: ikiungua bila ya uzembe wake halipi, na akizembea analipa. Basi mwambie mbele ya shahidi, au muandikie hata karatasi moja: auze nini, amkopeshe nani, anachukua ujira gani. Kumwambia "wewe angalia angalia tu" si wakala mzuri, na wengi wetu ndivyo tunavyofanya. Pesa za mauzo asizichanganye na zake katika simu yake.

Waliokwishalipa na hawajachukua bidhaa zao wana haki shingoni mwako. Usizime simu. Waombe muda, asiyeridhia kungoja, na muda mliokubaliana umepita, mrejeshee pesa zake. Anayekudai nawe huna kitu kweli, aya ya 280 ya Suratul Baqarah inamtaka akupe muhula, lakini atajuaje kama hukumwambia? Mshahara wa wafanyakazi hauna udhuru maadamu pesa zipo.

Jambo moja watu hulisahau. Mwenye duka akifariki, au akazimia kwa kauli yenye nguvu zaidi, uwakala umekatika papo hapo. Mpwa aliyekuwa akiuza hana tena ruhusa; mali sasa imefungamana na gharama za mazishi, madeni, wasia usiozidi thuluthi, kisha warithi. Afunge duka, ahesabu bidhaa mbele ya watu wawili, angoje warithi waseme. Kuendelea kuuza "ili khitima ipate kitu" ni kula mali ya watu, na pengine miongoni mwao wamo mayatima.

Wa-Allaahu A'lam.