Waarabu wa Tabora na Nchi ya Baba Zao

Tarehe 7 Novemba 1857, siku ya 134 tangu kuiacha pwani, msafara wa Waingereza Burton na Speke uliwasili Kazeh, mahali ambapo leo ni sehemu ya Tabora, ukapokelewa kwa hishima na tajiri mmoja wa kabila la Harthi aitwaye Snay bin Amir, mtu ambaye ujanani mwake alikuwa akiuza halua Maskati, na ambaye sasa alikuwa na maghala ya nguo na shanga, mashamba, watumwa, na neno lenye uzito katika baraza za Unyanyembe. Burton, ambaye hakuwa mwepesi wa kumsifu mtu, alimsifu kwa elimu, kumbukumbu na ufasaha wa lugha, Kinyamwezi kikiwa mojawapo.

Waharthi, kama walivyo wengi wa Waarabu waliokwenda bara, asili yao ni Sharkia ya Omani, katika Ibra na vijiji vinavyopakana nayo, nchi ya mitende inayonyweshwa kwa mifereji ya falaji, ambako mwaka mmoja wa ukame ulitosha kumfanya kijana auze jambia la babake, apande jahazi, na kuufuata upepo wa kaskazi hadi Unguja. Sayyid Said, mtawala wa Omani, alipokuwa amekwisha kuifanya Unguja makao yake, na pembe za ndovu zikipata soko Ulaya, Marekani na Bara Hindi, njia ya kutoka Bagamoyo hadi Ujiji ikawa mlango wa rizki kwa watu ambao kwao hawakuwa na shamba wala kisima.

Hao ndio ambao kwa karne moja na nusu wameishi na nchi mbili moyoni, nao aghalabu hufananishwa na Mayahudi, kwa mfano ambao una ukweli ndani yake lakini haufiki mbali. Myahudi aliyetawanyika baada ya Hekalu kubomolewa mwaka 70 aliifanya Yerusalemu kuwa kibla cha sala yake, na kila Pasaka alitamka tumaini la kuwa huko mwaka ujao. Na serikali ya Uingereza ilipowatolea Mayahudi nyanda za Uasin Gishu mwaka 1903, ardhi yenye rutuba katika Kenya ya leo, mkutano wao mkuu ulipeleka watu kwenda kuitazama, kisha mwaka 1905 ukaikataa. Mwarabu wa Tabora hakufukuzwa kwao na mtu, na kibla chake kilikuwa Makka, si Ibra wala Nizwa. Alilolichukua kutoka Omani lilikuwa nasaba, yaani orodha ya majina ya baba juu ya baba hadi kufikia kabila, ambayo mtoto alihifadhishwa pamoja na juzuu zake.

Na nasaba hiyo ilipita kwa baba peke yake, ilhali sheria ya marabi huufuata upande wa mama. Muhammad bin Juma el Murjebi, baba yake Tippu Tip, yule mfanyabiashara mashuhuri wa pembe, alimwoa Karunde, binti Fundikira, mtemi wa Unyanyembe, akakaa Ituru kama mtu wa nchi. Watoto wa ndoa za namna hiyo walisema Kinyamwezi na mama zao na Kiswahili na ulimwengu, wakabaki kuitwa Wamurjebi au Waharthi, hata ikawa kizazi cha tatu hakijui Kiarabu ila kile cha sala. Sala yenyewe ilikuwa alama, kwani Waibadhi, kama walivyo Waomani wengi, husimama mikono imeteremka, na dhehebu lao hawakulitangaza. Waislamu wengi wa Tabora wakawa Washafii, na wengi wao wakaingia katika zikri za tarika ya Kadiria. Alama nyingine ilikuwa bustani: Stanley, mwaka 1871, alikuta kandokando ya matembe yao michungwa, milimau, mipapai na miembe, na ngano iliyolimwa kwa sababu bwana wa nyumba hakuridhika na ugali.

Yapasa kusemwa pia kwamba neema hiyo ilikuwa na watu chini yake. Pembe zilibebwa na wapagazi wa Kinyamwezi kwa ujira, na katika msafara huohuo walitembea watumwa waliotekwa Manyema na kwingineko, ng'ambo ya ziwa Tanganyika. Mirambo, mtemi wa Urambo, alipoifunga njia mwaka 1871 hakupigana na wageni wasio na hatia. Alipigana na wafanyabiashara waliokuwa wamekwisha kumng'oa Mnywa Sele, mtemi wa Unyanyembe, kwa kuwa aliwadai kodi.

Reli ya Wajerumani ilipofika Tabora mwaka 1912 misafara ilikwisha, lakini Waomani hawakukoma kuja. Waliokuja sasa walikuwa mafakiri, waliojulikana kama Wamanga, wakafungua viduka vijijini, kila kimoja na mizani yake, debe la mafuta ya taa, chumvi, kanga, nta na asali iliyonunuliwa kwa warina wa miombo, na daftari la madeni ambalo nusu yake halikulipwa kamwe. Omani ya wakati huo haikuwa na la kumrudisha mtu.

Kisha mambo yalifuatana upesi: mapinduzi ya Unguja mwaka 1964, Azimio la Arusha mwaka 1967, na Operesheni Maduka mwaka 1976, iliyowafungia wenye viduka milango yao. Katikati ya hayo, Julai 1970, Sultani Qaboos alimwondoa babake madarakani, akawaita Waomani walio ghaibuni warudi kuijenga nchi ambayo mafuta yalikuwa yameanza kuitajirisha. Orodha ile ya majina, iliyokuwa fahari ya barazani tu, ikawa hati ya thamani, kwa maana mwenye kudai uraia alihitaji kabila lake limtambue. Naona hapa ndipo penye ukweli wa jambo hili: nchi ya asili ilinyamaza muda wote ilipokuwa maskini, ikaita ilipohitaji makarani, waalimu na mafundi. Waliokwenda walikuta ndugu waliowacheka Kiarabu chao na kuwaita Wazinjibari, hata wale ambao Unguja hawakuwahi kuiona.

Kwa kuwa Tanzania haikubali mtu mzima awe na uraia wa nchi mbili, na Omani nayo hairuhusu ila kwa idhini maalumu, aila nyingi ziligawanyika, ndugu mmoja Maskati na mwingine Tabora, na harusi hungoja viza. Wamanyema, ambao babu zao waliletwa kwa njia ileile na ambao leo ni wenyeji wa Tabora na Ujiji kwa kila hali, hawakuitwa na sultani yeyote.