Nyumba ya Mungu: Bwawa, Mwamba na Ahadi ya Umwagiliaji

Msafiri anayepita Kifaru, wilayani Mwanga, akielekea Same, huiona Milima ya Upare kushoto kwake na tambarare kavu kuliani. Ndani ya tambarare hiyo limo Bwawa la Nyumba ya Mungu, lililojengwa katikati ya miaka ya 1960, Mto Kikuletwa unapokutana na Mto Ruvu kuuzaa Pangani. Taifa changa lilitarajia kwake umeme, samaki na mashamba ya umwagiliaji. Ninadai kwamba katika hayo matatu, mkulima ndiye aliyesubirishwa zaidi, na sababu yake haimo katika mwamba.

Tuanze na huo mwamba. Upare ni kipande cha gamba kongwe la dunia: naisi na jamii zake, miamba iliyopikwa kwa joto na mgandamizo mamia ya mamilioni ya miaka iliyopita. Ardhi ilipopasuka, milima ilibaki juu na bonde likadidimia. Baadaye Kilimanjaro ikamwaga lava yake. Lava yenye nyufa hunywa mvua, huisafirisha chini kwa chini, kisha huitoa katika chemchemi zinazoulisha Kikuletwa hata wakati wa kiangazi. Kwa hiyo bwawa limelazwa penye ukame, lakini riziki yake inatoka mbali.

Wapare walilijua somo hili kabla ya wakoloni. Walichimba ndiva milimani, wakakusanya maji ya kijito usiku, wakayafungulia mashamba asubuhi kwa zamu. Ndiva ni ndogo, lakini kila mwenye shamba aliijua zamu yake, na aliyeivunja alijulikana.

Nyumba ya Mungu ilizaliwa katika hesabu nyingine. Mitambo ya Hale, yenye megawati 21, ilikuwa imeanza kazi mwaka 1964 huko chini mtoni, nayo ilihitaji mtiririko usioyumba. Mwaka 1968 bwawa lenyewe likapata mitambo ya megawati 8, na mwaka 1995 ikaja New Pangani Falls yenye megawati 68. Wakati huohuo, juu ya bwawa, mradi wa mpunga wa Lower Moshi ulikamilika mwaka 1987, na kilimo hicho kikaenea kupita mipaka yake. Tone linalonywewa na jaruba halifiki kwenye mtambo. Tone linalohifadhiwa kwa ajili ya mtambo halimfikii mkulima anayeliona bwawa kwa macho yake.

Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji ya mwaka 2009 inatanguliza matumizi ya nyumbani, kisha mahitaji ya mazingira. Hilo ni jema, na mradi wa kupeleka maji ya bwawa hili Same, Mwanga na Korogwe unalidhihirisha. Lakini baada ya ndoo na mto, nani anafuata: jaruba au mtambo? Jibu hilo haliwezi kuachwa kwa mwenye nguvu ya kufungua lango.

Ninawaomba watumishi wa umma wanaosoma makala hii wajifunze kwa ndiva. Bonde la Pangani lina Bodi yake ya Maji na lina vibali. Mgawo wa kila msimu ubandikwe vijijini, kwa Kiswahili na kwa tarakimu, ili mkulima wa Kirya na mhandisi wa umeme wasome karatasi moja. Mwamba ulikwisha kutunza maji. Kuyagawa ni kazi yetu.