Hewa Baridi Chini ya Johannesburg



Kila kiangazi kikikaribia, sisi tuliosomea uhandisi hupigiwa simu na jamaa wa huku ughaibuni: "Nyumba ina tanuri la gesi na mabomba ya hewa tayari. Tukifunga kiyoyozi humo humo, si itatosha?" Jibu letu huanzia Johannesburg.

Kusini ya Main Street, mtaa wa katikati ya jiji uliokuwa na ofisi kuu za makampuni ya migodi, palikuwa na mgodi wa Robinson Deep. Desemba 1932 Afrika Kusini iliacha kufungamanisha fedha yake na dhahabu. Bei ya dhahabu ikapanda, na mawe ya chini kabisa, yaliyokuwa hayalipi, yakaanza kulipa. Mtaka cha mvunguni sharti ainame, lakini kwenye kina cha takriban kilomita 2.5 kuinama pekee hakukutosha. Joto lilikuwa limekwisha kuua wachimbaji wa migodi ile.

Mgodi ulikuwa na njia zake za hewa: mashimo na feni. Mwaka 1935 kampuni ya Mmarekani Willis Carrier, aliyebuni kiyoyozi cha kisasa mwaka 1902, ilifunga mitambo ya kupoza juu ya ardhi, na hewa baridi ikateremshwa kwa njia zile zile.

Hapo ndipo penye somo. Hewa ikishuka shimoni hugandamizwa na uzito wa hewa iliyo juu yake, nayo hupata joto, karibu digrii 10 kwa kila kilomita ikiwa kavu. Sehemu kubwa ya ubaridi ilipotelea njiani. Ndiyo maana migodi ya baadaye ilishusha mitambo chini, na Mponeng, magharibi ya jiji, uliofika karibu kilomita 4, ukateremshiwa barafu.

Nyumbani ni vivyo hivyo. Mabomba yaliyopimwa kwa hewa ya moto mara nyingi ni membamba mno, kwani kupoza huhitaji hewa nyingi zaidi. Yasipovikwa, hutoka jasho. Na maji yanayodondoka kwenye mtambo yanataka njia ya kutokea. Pimeni njia kabla ya kununua mashine.

Lakini nani alipozwa? Mwaka 1913 serikali ilipiga marufuku kuwaleta migodini watu wa kaskazini ya latitudo 22, kwa jinsi walivyokufa kwa nimonia. Miaka ile ile ya 1930 mlango ukafunguliwa tena, na Wenela ikaja kuandikisha vijana hadi Tanganyika, mpaka serikali yetu ilipoisitisha baada ya uhuru wa 1961. Mitambo ile ilinunuliwa kwa hesabu ya dhahabu. Nafuu ya mchimbaji ilikuja kama ziada.

Wenye wazee waliokwenda Wenela, waulizeni kulikuwaje huko chini, kisha mtuandikie.